Siân Phillips: Sauti Iliyolelewa kwa Kiwelisi

Mwaka 1976 BBC ilirusha I, Claudius, tamthilia ya televisheni kuhusu ukoo wa makaizari wa Roma, na ndani yake mna kifo kimoja kinachostahili kutazamwa hadi leo. Kaizari Augusto yuko kitandani. Hamwamini mtu tena, hivyo anakula tini alizozichuma kwa mkono wake tu. Mkewe Livia amezipaka sumu zikiwa bado mtini. Kamera inatua usoni mwa Brian Blessed, anayeigiza Augusto, na haibanduki. Livia hatumwoni. Tunamsikia akimsemesha mumewe kwa upole, akimlaumu hapa na pale kama wafanyavyo walioishi pamoja miaka mingi, huku uhai ukimtoka mzee yule machoni. Kisha anatoka na kumwonya mwanawe Tiberio asiziguse zile tini.

Livia huyo ni Siân Phillips. Wapo waigizaji ambao wangenung'unika kwa kunyimwa kamera katika dakika nzito kama zile. Yeye sauti ilimtosha, na sauti hiyo ilianza kunolewa mbali sana na London.

Alizaliwa tarehe 14 Mei 1933 huko Gwaun-Cae-Gurwen, kijiji cha wachimbaji wa makaa ya mawe kusini mwa Wales. Mama yake alikuwa mwalimu. Baba yake alifanya kazi ya chuma kabla ya kuwa polisi. Kwa sehemu kubwa ya utoto wake hakujua lugha nyingine ila Kiwelisi. Kiingereza alikiokota redioni. Naamini hapo ndipo alipopata shule yake ya kwanza ya uigizaji, maana mtoto anayejifunza lugha kwa redio hana uso wa kuutazama wala kidole cha kumwonyesha kitu. Lazima asikilize sauti inapanda wapi, inashuka wapi na inasita kwa nini.

Akiwa na miaka 11 alishinda tuzo katika Eisteddfod, tamasha kuu la Wawelisi la ushairi, uimbaji na ughani, na katika umri huohuo akaanza kuigiza kwenye redio ya BBC huko Wales. Alisoma Kiingereza, Kiwelisi na falsafa katika chuo kikuu cha Cardiff. Akiwa bado mwanafunzi, alikuwa tayari anasoma habari na kutangaza redioni, na alizunguka Wales na kundi la maigizo lililoonyesha tamthilia za Kiwelisi pamoja na tafsiri za kazi mashuhuri za Kiingereza.

Mwaka 1955 akaenda London, chuo cha maigizo cha RADA, na akatunukiwa medali ya dhahabu kwa kuigiza katika tamthilia ya Hedda Gabler. Alipewa mikataba ya filamu ambayo ingempeleka Hollywood kwa muda mrefu. Akaikataa, akachagua jukwaa.

Mwaka 1959 aliolewa na mwigizaji Peter O'Toole. Filamu ya Lawrence of Arabia ya 1962 ilimfanya mumewe kuwa nyota wa dunia, na yeye akabaki na mabinti wawili wa kulea, na nyumba iliyofuata ratiba ya mtu mwingine. Hata hivyo hakuacha kazi. Aliigiza katika filamu ya Becket mwaka 1964, na Goodbye, Mr. Chips ya 1969 ilimpa tuzo ya wahakiki wa filamu wa Marekani. Ndoa ilivunjika mwaka 1979.

Watu humkumbuka kwa Livia, lakini mimi naona Beth Morgan amesahauliwa bila haki. Beth ni mama wa familia ya wachimba makaa katika How Green Was My Valley. John Ford aliigeuza riwaya hiyo kuwa filamu mwaka 1941, akaipiga California, na mama yule wa Kiwelisi akaigizwa na Sara Allgood, mwanamke wa Ireland. Filamu ikatwaa Oscar. BBC ilipoitengeneza upya kwa televisheni mwaka 1975, Beth akaigizwa na Siân, mwanamke aliyekulia miongoni mwa wake na mama wa wachimbaji wenyewe. Tuzo ya BAFTA ya mwigizaji bora aliyopata mwaka 1977 ilitaja kazi zote mbili, Livia na Beth.

Siân alipozaliwa, zaidi ya theluthi moja ya watu wa Wales walisema Kiwelisi. Sensa ya 2021 ilihesabu asilimia 17.8. Kituo cha televisheni cha Kiwelisi, S4C, kilianza Novemba 1982, yeye akiwa anakaribia miaka 50. Mwigizaji wa kizazi chake aliyetaka kuishi kwa kazi hii alilazimika kuvuka kwenda Kiingereza. Hilo linaniuma, maana vipaji vilikuwepo kabla ya S4C.

Baadaye aliimba katika tamthilia ya muziki ya Pal Joey, na mwaka 1999 aliteuliwa kuwania tuzo ya Tony huko Broadway kwa kumwigiza mwigizaji na mwimbaji Marlene Dietrich. Mwaka 2010, akiwa na miaka 76, aliigiza Juliet kwenye ukumbi wa Bristol Old Vic, kisa cha Shakespeare kikiwa kimehamishiwa kwenye makao ya wazee. Mwaka 2016 akapewa heshima ya Dame.

Katika filamu ya 1972 ya Under Milk Wood, kazi ya Mwelisi mwenzake Dylan Thomas, alikuwa Bi. Ogmore-Pritchard, mjane anayewaamrisha waume zake wawili hata baada ya kufa kwao. Mwaka 2021 aliirudia tamthilia hiyo na Michael Sheen katika National Theatre, London. Alikuwa na miaka 88.