Mikono Nje ya Kamera

Filamu fupi ya Hot Springs, mji wa maji moto kule Arkansas, Marekani, ni rahisi kupiga: mvuke, marumaru, vioo vya rangi vya Fordyce, nyumba ya kuogea ya kifahari iliyofunguliwa 1915. Lakini nani alimwogesha mteja? Wengi wa waliosugua migongo hiyo walikuwa Wamarekani weusi, na ubaguzi haukuwaruhusu kuoga pale pale walipofanya kazi. Ndiyo maana weusi walikuwa na nyumba yao, Pythian, iliyofunguliwa 1914, ikitumia maji ya mlima ule ule. Leo Fordyce ni makumbusho. Kamera ikiishia hapo, basi wanaotazama wataona jengo tu, na wafanyakazi wake watakuwa wamefungiwa nje mara ya pili.