Umeriseti simu ikajifunga? Anza na aliyekufungulia Gmail

Mvuvi wa Kigombe akisahau paterni ya simu yake, mara nyingi kijana wa jirani humsaidia kwa njia moja tu: anaizima, anabonyeza kitufe cha kuwashia pamoja na cha sauti, kisha anafuta kila kitu. Simu inawaka kama mpya. Ikishapata intaneti, inagoma. Inadai akaunti iliyokuwamo kabla haijafutwa, na hapo ndipo watu wanaanza kutafuta nauli ya kwenda kwa fundi Tanga mjini.

Kabla ya nauli, jambo la kwanza: pesa haijafungwa. M-Pesa, Airtel Money na HaloPesa ziko kwenye laini, si kwenye simu. Chomoa laini, iweke kwenye kitochi, piga *150*00# kama ni ya Vodacom, na salio litaonekana vilevile. Wanunuzi wa samaki wanaweza kuendelea kupiga na kulipa wakati simu kubwa inashughulikiwa.

<b>Kwa nini inajifunga</b>

Mafundi wanaiita FRP. Ni ulinzi ambao Google iliuweka kwenye Android 5.1 mwaka 2015, ili mwizi akifuta simu asiweze kuitumia wala kuiuza. Simu haiwezi kujua kama aliyebonyeza vile vitufe ni mwizi au ni mwenyewe aliyesahau. Ukiriseti kupitia Mipangilio, ambako inabidi kwanza uifungue simu kwa PIN au paterni, kwa kawaida akaunti inaondoka na kufuli halitokei. Ukiriseti kwa vitufe, linatokea.

Shida kubwa kwa wengi si kwamba wamesahau Gmail yao. Hawakuwahi kuijua. Siku ya kununua simu, muuzaji dukani au mtoto aliyemaliza kidato cha nne ndiye aliyefungua akaunti, akaweka nenosiri lake kichwani, mambo yakaisha. Kwa hiyo mtu wa kwanza wa kumpigia ni huyo. Muulize jina aliloandika, maana wapo wanaoandika jina la duka, na namba ya simu aliyoiweka.

<b>Kuipata akaunti</b>

Tumia simu nyingine, fungua g.co/recover, kisha chagua sehemu ya kusahau barua pepe. Google itaomba namba ya simu na jina lililo kwenye akaunti. Vikilingana, inatuma kodi kwa SMS na kuonyesha akaunti zilizofunguliwa kwa namba hiyo. Baada ya hapo unabadilisha nenosiri. Ni vizuri kufanyia hapo hapo nyumbani, kwenye kifaa au mtandao uliozoeleka, kwa sababu Google huangalia mambo hayo pia inapopima kama wewe ndiye mwenyewe.

Ukishabadilisha nenosiri, tulia. Simu iliyofungwa inaweza kulikataa hadi saa 24 zipite, na watu wengi hudhani wameshindwa wakati walitakiwa kusubiri tu. Usiiriseti tena katika muda huo.

Kuna mlango mwingine ambao hausemwi sana. Baadhi ya simu, kwenye ukurasa huohuo wa kudai akaunti, huruhusu kutumia PIN au paterni ya zamani badala ya Gmail. Aliyeriseti kwa sababu nyingine, mfano simu kuwa nzito, anaikumbuka na anapita bila shida.

Kama namba iliyotumika imepotea lakini bado imesajiliwa kwa jina lako, nenda na kitambulisho au namba ya NIDA kwa mtoa huduma uirudishe kwanza. *106# inaonyesha namba zilizosajiliwa kwa NIDA yako. Namba iliyokaa muda mrefu bila kutumika inaweza kuwa imepewa mtu mwingine, na hapo kodi itaenda kwake.

<b>Fundi je?</b>

Wapo wanaoruka kufuli kwa kompyuta, hasa kwenye simu za matoleo ya zamani. Kwenye Android 15, iliyotoka mwaka 2024, Google iliziba mianya mingi: simu iliyorukishwa hatua hiyo hudai akaunti tena. Pia kuflashi ovyo kunaweza kuharibu IMEI, na kubadilisha IMEI ni kosa chini ya Sheria ya Mawasiliano ya Kielektroniki na Posta ya mwaka 2010. Njia salama zaidi ni kituo rasmi cha kampuni ya simu ukiwa na risiti na boksi lenye IMEI. Kwa iPhone mambo ni hayohayo: kufuli lake lipo tangu mwaka 2013, na Apple hutaka uthibitisho wa ununuzi.

Simu ya mkopo ni habari nyingine. Ikijifunga kwa sababu ya deni, Gmail haisaidii kitu. Kufuli ni la mkopeshaji na linaondoka kwa kulipa.

<b>Kabla ya kununua ya mtumba</b>

Hapa ndipo watu wanaumizwa zaidi, kwa sababu akaunti ni ya mtu wasiyemjua na huenda simu ni ya wizi. Mwambie muuzaji aondoe akaunti yake na kuiriseti kupitia Mipangilio mbele yako, kisha uiwashe hadi mwisho ikiwa na intaneti ndipo utoe hela. Piga *#06# upate IMEI, itume kwenda 15090, namba ya TCRA ya kuhakiki simu, ile iliyotumika sana kabla simu feki hazijazimwa Juni 2016. Jina linalorudi lisipofanana na simu uliyoshika, irudishe.

Na kwa simu ambayo bado iko wazi: ingia Mipangilio, gusa Google, uone Gmail iliyomo. Iandike kwenye daftari pamoja na nenosiri, liache nyumbani, mbali na maji ya chumvi.