Marijani: Kidani cha Muungwana, Jina la Mtumwa

Yamo majina ya Waswahili yaliyoenea hata yakazoeleka kama upepo wa kusi, na yamo machache ambayo husikika kwa nadra, na kila yasikikapo msikilizaji hugeuza shingo. Marijani ni mojawapo ya haya ya pili. Neno lenyewe si geni katika Kiswahili, na wapenzi wa tenzi wanalijua vyema. Lakini ni adimu leo kukuta mtoto mchanga aliyeitwa hivyo. Tena ni jina lisiloegemea upande. Huku pwani aghalabu limevaliwa na wanaume. Uajemi, Marjan ni jina la wanawake. Katika hadithi ya Ali Baba, kijakazi mwerevu anayewaangamiza wezi kwa mafuta ya moto huitwa Marjana. Na kwa kuwa Kiswahili hakina alama ya kike wala ya kiume katika maneno yake, mwenye jina hili hupambanuliwa kwa bin au binti tu. Lipo basi swali la kuuliza: jina hili lilipata wapi ruhusa ya kuvaliwa na yeyote? Jibu lake lina utamu, na lina uchungu pia.

Asili ya karibu ya neno ni Kiarabu, marjan. Katika Kurani limetajwa mara mbili, zote katika Sura ya Ar-Rahman: katika aya ya 22, ambapo lulu na marijani hutajwa kuwa vyatoka katika bahari mbili, na katika aya ya 58, ambapo wanawake wa peponi wanafananishwa na yakuti na marijani. Hata hivyo wafasiri wa mwanzo hawakuafikiana juu ya maana yake. Wako waliosema kuwa marijani ni lulu ndogo na lulu ni zile kubwa. Wako waliopindua kauli hiyo. Na wako walioshika kwamba ni kile kito chekundu kinachojulikana kwa jina hilo leo. Wanaisimu wengi nao hulifuata neno nyuma zaidi, wakapita Kiaramu mpaka kufika Kigiriki, ambako margarites ni lulu. Kutoka shina hilo hilo Wazungu walipata jina la Margaret, ambalo ni la wanawake. Kwa hivyo Marijani wa Kariakoo na Margareti wa kanisani ni ndugu wa mbali, ijapokuwa hawajapata kuamkiana.

Hapa pana jambo la kushangaza kwa watu wa visiwani. Mswahili amezungukwa na matumbawe. Misikiti yake ya kale, mihirabu yake na nyumba zake za mawe zilijengwa kwa matumbawe na chokaa iliyochomwa kutokana nayo. Lakini marijani ya kuvaa haikutoka katika miamba hiyo. Marijani nyekundu halisi hukua katika Bahari ya Mediterania, katika pwani za Tunisia, Algeria, Sardinia na Sicily, na ilisafiri kwa mikono ya wafanyabiashara wengi kabla ya kufika katika masoko ya Bahari ya Hindi. Ndiyo maana kamusi za zamani za Kiswahili hutofautisha marijani ya kawaida, ambayo mara nyingi ilikuwa ya kuigiza, na marijani ya fedhaluka, iliyo ya kweli. Mtu aliyezaliwa juu ya matumbawe alinunua marijani kwa fedha nyingi, na bado alipaswa kuangalia asije akauziwa bandia.

Hata wataalamu walishindwa kwa karne nyingi kuamua kitu hiki ni nini. Kina matawi kama mti, kina ugumu wa jiwe, na kinatoka baharini kama samaki. Ni katika miaka ya 1720 ndipo tabibu Mfaransa, Jean-André Peyssonnel, aliposhikilia kwamba ni kazi ya wanyama wadogo mno, na wenzake wa Paris hawakumsadiki mara moja. Kabla yake Pliny, mwandishi wa Kirumi aliyefariki mwaka 79, alikuwa ameandika kwamba vijitawi vya marijani vilifungwa shingoni mwa watoto wachanga ili viwe kinga. Kwa hivyo kito hiki kilimjua mtoto mchanga tangu zamani sana: kilikuwa hirizi yake kabla ya kuwa jina lake.

Katika fasihi ya Waswahili, mahali patukufu pa marijani ni utendi aliouandika Mwana Kupona mnamo mwaka 1858 kwa ajili ya binti yake, Mwana Hashima. Katika beti za mwanzo, mama mgonjwa anamwita mwanawe akae karibu naye, na miongoni mwa anayomwahidi ni kumtungia kidani cha lulu na marijani na kumvisha shingoni. Kidani hicho ni nasaha zenyewe. Kiswahili kina bahati ya kutumia kitenzi kimoja kwa kazi hizo mbili: shanga hutungwa katika uzi, na shairi hutungwa katika vina. Mwana Kupona aliitumia bahati hiyo kwa ustadi. Marijani katika utendi ule ni pambo la mwanamke muungwana, lililotoka kwa mama, likavishwa kwa mapenzi.

Lakini katika karne ile ile, na katika miji ile ile ya pwani, vito vilikuwa na kazi nyingine.

Katika nchi za Kiislamu, tangu zama za Bani Abbasi na hata kabla yake, ilikuwa desturi ya mabwana kuwapa watumwa wao majina ya vito na manukato: Yakuti, Lulu, Johari, Feruzi, Marijani, Ambari, Kafuri. Majina haya yalipendeza masikioni na yalionekana kuwa ya fali njema. Yalimfaa mtwana, yalimfaa mjakazi, na yalimfaa hasa towashi, ambaye jamii haikumhesabu kikamilifu upande wowote. Kiswahili kilikuwa na neno la mtumwa wa kiume na neno la mtumwa wa kike. Lakini jina la kito halikuulizia tofauti hiyo, kwa sababu kito hakina jinsia. Kito ni mali. Bwana aliyemwita kijana wake Marijani alisema mambo mawili kwa pumzi moja: kwamba ni mzuri, na kwamba ni chake. Huo ndio uchungu uliomo katika jina linalofaa kwa wote. Uhuru wake wa kutochagua baina ya mwanamume na mwanamke ulianza pale ambapo mtu alihesabiwa pamoja na vitu vya sandukuni.

Wakati mwingine jina lilikuwa na kejeli ndani yake. Kafur, mtumwa mweusi aliyepanda cheo mpaka akaitawala Misri na kufariki mwaka 968, aliitwa kwa jina la kafuri, ile ambayo visiwani huitwa karafuu maiti, kitu cheupe pe. Mshairi mkubwa al-Mutanabbi alikwenda kwake akamsifu kwa matumaini ya kupewa wilaya. Alipokosa alichokitaka, aliondoka Misri mwaka 962 na kumtungia mashairi ya kumtusi kwa utumwa wake na rangi yake. Kafur alikuwa mtawala wa nchi. Lakini mshairi alipotafuta mahali pa kumchoma, alijua pa kumpata.

Mwingine wa kabila hili la vito ana deni ambalo watu wa Pemba hawana budi kulikumbuka. Yaqut al-Hamawi alizaliwa katika nchi ya Warumi wa Bizanti karibu na mwaka 1179, akatekwa utotoni na kununuliwa na mfanyabiashara wa Baghdad ambaye hakujua kusoma na alihitaji karani. Bwana wake alimsomesha, akamtuma safari za biashara hadi Oman na kisiwa cha Kish, kisha akamwacha huru. Yaqut aliandika kamusi kubwa ya miji na nchi, na ndani yake kimo Kisiwa cha Kijani, ambacho wanahistoria wanakitambua kuwa ni Pemba, chenye miji miwili, Mtambwe na Mkumbuu, kila mmoja na sultani wake. Hivyo basi, mojawapo ya maelezo ya kale kabisa ya Pemba liliandikwa na mkono wa mtu aliyeitwa kwa jina la kito. Jina la babake halikujulikana. Aliandikwa Yaqut bin Abdallah, nasaba waliyopewa wengi waliokuwa katika hali yake. Na Ibn Khallikan, mwandishi wa wasifu wa watu mashuhuri, anasimulia kwamba Yaqut alipopata umaarufu alijiita Yakub. Tofauti ya sauti ni ndogo, lakini tofauti ya maana ni kubwa: aliliacha jina la jiwe akachukua jina la mtu, tena la Mtume.

Wengine hawakubadili. Amin al-Din Mirjan, ambaye jina lake ndilo Marijani yenyewe, alikuwa liwali wa Baghdad, na chuo alichokijenga kilikamilika mwaka 1357. Kilijulikana kwa jina lake, na khan yake, nyumba ya wasafiri na wafanyabiashara, imesimama hadi zama hizi. Malik Ambar alizaliwa Uhabeshi mnamo 1548 akiitwa Chapu, akauzwa mara kadhaa, akapewa jina la Ambar na bwana wake wa Baghdad, na hatimaye akawa mtawala wa kweli wa Ahmadnagar katika Bara Hindi mpaka kifo chake mwaka 1626. Watu hawa walichukua majina waliyobandikwa wakayaandika juu ya milango ya mawe na katika tarehe za falme.

Pwani ya Afrika Mashariki iliipokea desturi hiyo pamoja na biashara yenyewe. Stanley alipokusanya watu wa msafara wake Unguja mwaka 1871, miongoni mwa wazoefu aliowachukua walikuwamo Ambari, Baruti na Ulimengo, majina ya vitu na ya dunia. Kiongozi wao, Sidi Mubarak Bombay, alikuwa Myao aliyetekwa utotoni na kuuzwa Kilwa, kisha akapelekwa Bara Hindi. Jina alilopewa na wazazi wake halikubakia katika vitabu. Limebakia la baraka na la mji.

Soko la watumwa la Unguja lilifungwa mwaka 1873, na mwaka 1897 sheria iliacha kuutambua utumwa, ingawa aliyetaka uhuru alilazimika kuudai mahakamani. Baada ya hapo majina yakawa uwanja wa ushindani wa kimya. Wengi waliyatupa majina ya zamani wakachukua ya kiungwana. Mfano unaojulikana na kila mpenzi wa taarabu ni wa mwanamke wa Fumba aliyeitwa Mtumwa utotoni, aliyekuja mjini akiuza vyungu, na ambaye sauti yake ilirekodiwa Bombay mwaka 1928 kwa jina la Siti binti Saad. Siti maana yake ni bibi mwenye heshima. Shaaban Robert alipoandika wasifu wake, aliandika pia, kwa namna fulani, historia ya safari kutoka jina moja hadi jingine.

Marijani halikuhitaji kutupwa. Ama kwa hakika lilikuwa na hifadhi mbili ambazo jina la Mtumwa halikuwa nazo: Kurani na kidani. Familia za kila tabaka ziliweza kumwita mtoto jina hilo zikikusudia uzuri na thamani peke yake, na kwa hivyo si haki kumdhania kila Marijani kuwa ni wa ukoo wa watumwa. Nusu ya pili ya karne ya ishirini jina likapata mwenyeji wake mashuhuri kuliko wote huku kwetu: Marijani Rajab wa Dar es Salaam, mwimbaji wa Dar International na mtunzi wa "Zuwena," aliyefariki mwaka 1995. Mashabiki walimpa lakabu ya Jabali la Muziki. Pengine hawakufikiri kwamba walikuwa wakilitafsiri jina lake, kwani marijani nayo ni jabali dogo linalojengwa polepole na viumbe wengi chini ya maji.

Waswahili husema, jina jema hung'ara gizani. Methali hii aghalabu hueleweka kuwa inasifu sifa njema, lakini inaweza kusomwa pia kwa macho ya historia. Marijani limepita gizani: limeitwa sokoni, limeandikwa katika hati za kuuziana watu, limetamkwa na walioamuru. Halikuzimika. Mzazi anayelichagua leo kwa mwanawe, awe wa kiume au wa kike, hana sababu ya kuona haya, wala hana sababu ya kujifanya hajui. Jina ni lile lile alilobandikwa mtwana na alilolitia Mwana Kupona katika kidani cha binti yake. Tofauti imo katika mkono unaolivisha: kuna mkono unaofunga kito kwa kuwa ni mali yake, na kuna mkono unaomvisha mtoto kwa kuwa ni mwanawe. Mtoto atakayeitwa Marijani na kusimuliwa yote mawili atakuwa amepewa marijani ya fedhaluka, si ile ya kuigiza.