Kipande, Chifu na Haki ya Raia: Historia ya Kitambulisho Kitale na Bungoma

Kitambulisho cha taifa ambacho kijana wa Kitale au Bungoma huenda kukiomba atimizapo umri wa miaka 18 kina asili yake katika sheria ambayo haikutungwa kwa ajili ya raia, bali kwa ajili ya waajiri. Sheria ya Usajili wa Wenyeji ilipitishwa na serikali ya kikoloni mwaka 1915, utekelezaji wake ukacheleweshwa na Vita Vikuu vya Kwanza, na ikaanza kufanya kazi vita vilipokwisha, kati ya mwaka 1919 na 1920. Ilimlazimu kila mwanamume Mwafrika aliyefikia umri wa miaka 16 kujiandikisha, kuchukuliwa alama za vidole na kutembea wakati wote na hati iliyoitwa kipande, yaani karatasi iliyokunjwa na kutiwa katika kikebe cha bati ambacho mwenyewe alikivaa shingoni kwa kamba. Wazungu na Wahindi hawakuhusika na sheria hiyo, wala wanawake wa Kiafrika.

Nyanda za Trans Nzoia, zilizo kati ya Mlima Elgon na vilima vya Cherangani, zinaeleza vizuri kuliko mahali pengi kwa nini hati ya namna hiyo ilitakiwa. Walowezi wa Kizungu walikuwa wameanza kugawiwa mashamba huko kabla ya vita, na mwaka 1919 serikali ilianzisha mpango wa kuwapa ardhi askari waliotoka vitani, hata idadi ya mashamba ikaongezeka kwa haraka. Kitale ukawa mji wa walowezi hao, na tawi la reli kutoka upande wa Eldoret lilipoufikia katikati ya miaka ya 1920, mahindi yaliyolimwa kwa mamia ya ekari yakapata njia ya kwenda sokoni. Lililokosekana ni watu wa kuyalima. Hao walitafutwa hasa upande wa kusini na magharibi, katika nchi ya Wabukusu ambayo leo ni kaunti ya Bungoma na wakati huo ilikuwa sehemu ya wilaya ya Kavirondo Kaskazini.

Mwaka huohuo wa 1919 Gavana Edward Northey alitoa waraka ulioagiza maofisa wa tawala na machifu wawahimize vijana watoke vijijini kwenda kufanya kazi katika mashamba ya Wazungu. Waraka huo na kipande vilikwenda pamoja: chifu alimtoa mtu nyumbani, na kipande kikahakikisha kwamba harudi kabla mwajiri hajaridhika naye. Jambo hili lastahili kukumbukwa, kwa kuwa chifu hakutoweka katika historia ya kitambulisho, na hata leo barua yake ndiyo inayofungua mlango.

Utendaji wa kipande ulikuwa rahisi, na ukali wake ulitokana na urahisi huo. Mbali na jina, kabila na mahali atokako mtu, karatasi ilikuwa na nafasi za kuandika jina la kila mwajiri, aina ya kazi, siku ya kuanza na siku ya kuachishwa, pamoja na saini ya mwajiri. Kijana aliyetoka Kimilili au Malakisi na kuajiriwa shambani karibu na Kitale hakuweza kuhamia shamba la jirani, hata kama mshahara wa huko ulikuwa bora, mpaka bwana wake wa kwanza atie saini ya kumwachilia. Mwajiri asiyetaka kumpoteza mtu aliweza kukataa tu kusaini. Aliyeondoka bila saini alihesabiwa kuwa mtoro, na kutoroka kazini kukawa kosa la jinai ambalo polisi walilifuatilia kwa kutumia majalada ya alama za vidole yaliyohifadhiwa Nairobi. Kwa maneno mengine, ugomvi kati ya kibarua na tajiri wake, ambao kwingineko ungekwisha kwa mtu kufunga virago, hapa ulifanywa kuwa uhalifu dhidi ya serikali.

Malalamiko yalianza mapema. Desemba 1921 wenyeji wa Nyanza, mkoa ambao Bungoma ilikuwa ndani yake, walikutana Lundha huko Gem katika mkutano ulioanzisha vuguvugu la Piny Owacho, na kipande kikawa miongoni mwa mambo waliyotaka yaondolewe, pamoja na kodi nzito na kazi ya lazima. Machi 1922 Harry Thuku, aliyekuwa akihutubia umati kuhusu mambo hayohayo, alikamatwa Nairobi, na polisi wakawafyatulia risasi watu waliokusanyika kudai aachiliwe. Serikali ililegeza baadhi ya kodi, lakini kipande haikukigusa.

Katika Trans Nzoia kamba ilizidi kukazwa. Sheria ya mwaka 1937 kuhusu maskwota, yaani vibarua walioishi na familia zao na mifugo yao ndani ya mashamba ya walowezi, ilizipa halmashauri za wilaya za Wazungu uwezo wa kuongeza siku za kazi na kupunguza idadi ya ng'ombe ambao skwota angeruhusiwa kufuga. Ni katika hali hiyo ndipo Elijah Masinde, mzaliwa wa eneo la Kimilili ambaye hapo awali alijulikana kama mchezaji hodari wa kandanda, alipoongoza Dini ya Msambwa, dini iliyowarejesha wafuasi wake kwenye mila za mababu na kuwataka Wazungu waondoke nchini. Alikamatwa na kuwekwa katika hospitali ya wagonjwa wa akili ya Mathari hadi mwaka 1947. Mwezi Februari 1948 polisi waliwapiga risasi wafuasi wa dini hiyo huko Malakisi na kuwaua watu 11. Dini ikapigwa marufuku, na Masinde akapelekwa kizuizini Lamu kwa zaidi ya miaka kumi. Si sahihi kusema kwamba kipande ndicho kilichoizaa Dini ya Msambwa, kwa maana madai ya Masinde yalikuwa mapana zaidi, lakini mafundisho yake yalienea hadi kwa maskwota wa mashamba ya Kitale, watu ambao maisha yao yote yalitegemea saini ya tajiri.

Wakati mambo hayo yakitokea, sheria yenyewe ilikuwa ikibadilishwa. Mwaka 1947 ilitungwa Sheria ya Usajili wa Watu, ambayo kwa mara ya kwanza iliwataka wanaume wa rangi zote kujiandikisha na kutoa alama za vidole. Walowezi walikasirika mno. Jambo ambalo Waafrika walilazimishwa kulivumilia kwa karibu miaka thelathini, wao waliliona kuwa fedheha, na kelele zao zikaifanya serikali iunde tume chini ya Sir Bertrand Glancy, ambayo mwaka 1950 ilipendekeza kwamba mtu awezaye kujaza fomu kwa Kiingereza, kutia saini na kutoa picha zake asilazimishwe kutoa alama za vidole. Pendekezo hilo halikutaja rangi ya mtu, lakini kila aliyeisoma ripoti alifahamu ni nani aliyelengwa. Miaka michache baadaye, katika kipindi cha Hali ya Hatari, Wakikuyu, Waembu na Wameru waliwekewa pasi za ziada za kudhibiti safari zao, ishara kwamba mazoea ya kumfuatilia Mwafrika kwa karatasi hayakuwa yamekwisha.

Baada ya uhuru mwaka 1963 sheria ya 1947 haikufutwa. Ilirithiwa na kurekebishwa. Kwa miaka 15 ya kwanza ya Kenya huru usajili uliendelea kuwa jambo la wanaume, na ni marekebisho ya mwaka 1978 yaliyowaingiza wanawake. Mwaka 1980 umri wa kujiandikisha ulipandishwa kutoka 16 hadi 18, na kitambulisho cha kizazi cha kwanza kikatolewa. Athari ya kuchelewa huko kwa wanawake haijaandikwa vya kutosha, nayo ni kubwa katika nchi kama Trans Nzoia, ambako miaka ya 1960 na 1970 ndiyo miaka ambayo mashamba ya walowezi yalinunuliwa na vyama vya ushirika na kampuni za wanahisa, wakati ambapo mwanamke hakuwa na hati ya serikali ya kumtambulisha kwa jina lake mwenyewe.

Kizazi cha pili, kilichoanza mwaka 1995, ndicho ambacho wasomaji wengi wanakifahamu kwa kukishika: kadi ndogo ya plastiki yenye picha, nambari, tarehe na wilaya ya kuzaliwa upande wa mbele, na upande wa nyuma wilaya, tarafa, kata na kata ndogo ya mwenyewe, pamoja na alama ya kidole gumba. Mpangilio huo wa nyuma si pambo. Unamfunga raia kwa chifu mmoja na naibu wake, na unachukulia kwamba kila Mkenya ana kijiji anakojulikana. Kwa mtu aliyezaliwa mtaani Kitale na wazazi waliohamia kutoka Bungoma, ambao nao walitoka katika ukoo wenye ndugu upande wa pili wa mlima, kujaza sehemu hiyo kwahitaji maelezo marefu kuliko nafasi iliyopo.

Utaratibu wa kuomba umebaki karibu uleule kwa miongo kadhaa. Mwombaji huanzia kwa naibu wa chifu, mara nyingi akiwa amefuatana na mzazi au mzee wa mtaa anayemjua, akiwa na cheti cha kuzaliwa au hati ya shule inayoonyesha umri wake, pamoja na nakala za vitambulisho vya wazazi. Akishathibitishwa huenda kwa msajili katika ofisi ya kaunti ndogo au katika Kituo cha Huduma, hujaza fomu, hupigwa picha na kuchukuliwa alama za vidole vyote, kisha hupewa karatasi ya kungojea. Maelezo yake hupelekwa Nairobi, kadi huchapishwa huko, na hurudishwa katika ofisi aliyoombea. Mlolongo huu humwendea vizuri mwenye wazazi wote wawili na karatasi kamili. Kwa yatima aliyelelewa na nyanya, au mtoto wa mama ambaye naye hakuwahi kuandikishwa, kila hatua huwa ukuta.

Mpaka wa Uganda umeongeza ugumu wa aina yake. Hadi mwaka 1902 nchi yote ya Bungoma na Trans Nzoia ilikuwa ndani ya Uganda, na mstari uliochorwa baadaye ukawaacha Wabukusu huku na ndugu zao Wagisu kule, na Wasabaoti pande zote mbili za Elgon. Lwakhakha na Suam ni vituo vya mpakani ambavyo watu huvivuka kwenda sokoni, arusini na mazikoni. Mtu akitoka katika jamii hizo, jina lake, lahaja yake na hata mahali alipozikwa babu yake vinaweza kufanywa sababu ya kuulizwa zaidi. Kamati za kuwapiga msasa waombaji katika maeneo ya mipakani zililaumiwa kwa miaka mingi, hasa kaskazini-mashariki mwa nchi, na Februari 2025 Rais William Ruto alitia saini tangazo huko Wajir la kuondoa msasa huo wa ziada katika kaunti za mpakani.

Kisha kuna watu waliokuwa na kitambulisho wakakipoteza. Mapigano ya kikabila ya mwaka 1991 na 1992 yalichoma nyumba katika Trans Nzoia na pande za Mlima Elgon, na vita vya kundi la Sabaot Land Defence Force kati ya 2006 na 2008 vikawatimua tena maelfu. Waliokimbia usiku hawakutoka na makaratasi. Wengine hawakuwahi kukipata: katika uchaguzi wa 1992 vijana wengi nchini, waliokadiriwa kufika milioni moja, hawakuweza kupiga kura kwa sababu serikali haikuwapa vitambulisho. Kitu kilichobuniwa kumzuia mtu asiondoke shambani kilikuwa sasa kinaweza, kwa kutotolewa tu, kumzuia asiingie kituoni kupiga kura.

Mageuzi ya karibuni yamekuwa ya mitambo zaidi kuliko ya fikra. Huduma Namba ya mwaka 2019, mpango wa kumpa kila mtu nambari moja ya utambulisho, ilikwamishwa na Mahakama Kuu, ambayo mwaka 2021 ilisema kadi zake zilitolewa bila kupima kwanza hatari kwa faragha ya wananchi, na kitambulisho cha kizazi cha tatu, kiitwacho Maisha, nacho kikapitia mahakamani kabla ya kuenea. Mwezi Machi 2024 ada ya kuomba mara ya kwanza iliwekwa kuwa shilingi 300, na ya kubadilisha kadi iliyopotea shilingi 1,000.

Ibara ya 12 ya Katiba ya 2010 inasema kwamba kila raia ana haki ya kupata hati za utambulisho zinazotolewa na serikali. Haki hiyo haijatimizwa maadamu mzigo wote wa uthibitisho unabaki mabegani mwa kijana wa miaka 18, ilhali serikali inayomtaka athibitishe ndiyo iliyoandikisha kuzaliwa kwake, ikamfundisha shuleni na kumtahini. Wabunge wa Bungoma na Trans Nzoia wanaweza kuanza na jambo dogo: kuitaka sheria iseme ni siku ngapi ofisi inaruhusiwa kukaa na ombi, na kumlazimisha anayelikataa kuandika sababu zake na kumpa mwombaji nakala.