Mwendo wa Mwanamke: Tegla Loroupe na Mbio za Marathoni

Sisi wa pwani ya Kilwa na Lindi tunayo sababu ya kuutafakari mwendo mrefu. Katika karne ya 19 njia ya misafara ilitoka Ziwa Nyasa, ikapita nyika na misitu hata ikafika Kilwa Kivinje. Wanawake wengi waliletwa pwani kwa njia hiyo wakiwa watumwa, wengine wakiwa na watoto mgongoni. Wakati ule hakuna aliyesema kwamba mwanamke hawezi mwendo. Neno hilo lilikuja kusemwa baadaye, pale mwanamke alipotaka kukimbia kwa heshima yake mwenyewe.

Katika Michezo ya Olimpiki, wanaume walianza kushindana marathoni mwaka 1896 mjini Athens. Wanawake hawakupewa nafasi hiyo hadi mwaka 1984 mjini Los Angeles. Kwa miaka mingi ilidhaniwa kwamba mwili wa mwanamke hauhimili kilomita 42 na mita 195. Miongoni mwa Waafrika walioibomoa dhana hiyo, Tegla Loroupe wa Kenya anastahili kutajwa mapema.

Tegla alizaliwa mwaka 1973 katika nchi ya Wapokot, magharibi ya Kenya, katika jamaa ya mitala yenye watoto wengi. Shule ilikuwa mbali, yapata kilomita 10, naye aliikimbilia kila siku kwa miguu mitupu. Njia ya shule ndiyo iliyokuwa kiwanja chake cha kwanza. Alipotaka kuwa mwanariadha, baba yake alikataa. Mama yake ndiye aliyemwunga mkono. Viongozi wa riadha nao walimwona mdogo mno na mwembamba mno. Mwaka 1988 alishinda mbio za nyika akiwa pekupeku, na hapo ndipo walipoanza kumtazama kwa jicho jingine.

Mwaka 1994 alishinda marathoni ya New York, akawa mwanamke wa kwanza wa Afrika kupata ushindi huo. Mwaka uliofuata aliurudia. Mwaka 1998, mjini Rotterdam, alitumia saa 2, dakika 20 na sekunde 47, akaivunja rekodi ya dunia ya Ingrid Kristiansen wa Norway iliyodumu tangu 1985. Mwaka 1999, mjini Berlin, aliipunguza rekodi yake mwenyewe kwa sekunde 4.

Lakini tabia ya mtu hupimwa zaidi siku ya kushindwa. Katika Olimpiki ya Sydney ya mwaka 2000 wengi walimtarajia kushinda. Usiku wa kuamkia mashindano alidhurika kwa chakula, akaugua. Hata hivyo alikimbia, akamaliza wa 13. Siku 6 baadaye aliingia tena uwanjani katika fainali ya mita 10,000, akawa wa 5. Hakurudi na medali. Alirudi na heshima.

Nguvu hiyo hakuiweka kwa faida yake peke yake. Mwaka 2003 aliunda taasisi ya amani, akawakutanisha katika mbio vijana wa makabila ya wafugaji waliokuwa wakiuana kwa ajili ya mifugo. Mwaka 2016 aliiongoza mjini Rio de Janeiro timu ya kwanza ya wakimbizi katika historia ya Olimpiki, yenye wanamichezo 10.

Nasi Watanzania hatukukosa mashujaa wa kike. Theresia Dismas alileta medali ya fedha ya kurusha mkuki kutoka Brazzaville mwaka 1965. Mwaka 2023 Magdalena Shauri alikuwa wa 3 katika marathoni ya Berlin, mji uleule wa rekodi ya Tegla, kwa saa 2, dakika 18 na sekunde 41.

Walimu wenzetu wa Kilwa, Lindi na kwingineko, wasichana waendao shule kwa miguu mnao darasani. Msichana akishavunja ungo, mara nyingi huambiwa kwamba kukimbia ni kukosa adabu. Lakini ndoo ya maji na mzigo wa kuni haambiwi avitue. Tukiuamini mwendo wake anapotuchotea maji, basi tuuamini pia anapoomba uwanja. Adabu haipungui kwa mbio. Kinachopunguza adabu ya jamii ni kumnyima mtoto haki ya kujaribu.