Boga la Bibi na Swali la Asili

Nyumbani kwetu Kamembe, wilaya ya Rusizi, maharage yakikaribia kuiva tunayafunika kwa vipande vya boga. Boga halimenywi. Hukatwa vipande vikubwa pamoja na ganda lake, hupangwa juu ya maharage, huongezwa maji kidogo, kisha jani la mgomba hufunika chungu ili mvuke usitoke. Kwa Kinyarwanda boga ni igihaza. Majani yake, isusa, nayo hayatupwi: huondolewa nyuzi, hukatwakatwa na kupikwa kwa karanga zilizosagwa. Ukimwuliza mtu wa kwetu chakula cha jadi ni kipi, hiki hakikosi kutajwa.

Mwaka jana tulijifunza darasani kwamba maboga, maharage, mahindi, viazi vitamu na mihogo asili yake ni bara la Amerika. Nilirudi nyumbani na elimu yangu mpya nikamwambia bibi, tena kwa kiburi kidogo, kwamba igihaza si chetu, kimetoka Meksiko. Alikuwa akichagua maharage, hakuinua kichwa.

“Mjukuu wangu, usiniletee hapa habari za nani katoka wapi. Maneno hayo tuliyasikia, na unajua yalitufikisha wapi.”

Nilinyamaza. Katika nchi yetu swali la asili si swali la darasani tu. Mwaka 1863 Mwingereza John Hanning Speke aliandika kwamba watawala wa eneo hili walikuwa wageni kutoka Ethiopia. Wabelgiji waliyachukua mawazo ya namna hiyo, na katika miaka ya 1930 wakaandika kabila kwenye vitambulisho. Mwaka 1992 mwanasiasa mmoja alisema hadharani kwamba Watutsi warudishwe Ethiopia kwa njia ya mto Nyabarongo. Miaka miwili baadaye watu waliuawa, na mito ilibeba maiti. Bibi aliyaona hayo. Mimi nilikuwa nimesoma tu.

Hata hivyo sikutaka kuiacha historia ya boga, kwa sababu naamini ni historia ya namna nyingine. Katika pango moja huko Oaxaca, Meksiko, wataalamu walipata mbegu za maboga yaliyolimwa na watu yapata miaka 10,000 iliyopita. Baada ya Columbus kuvuka bahari mwaka 1492, mbegu za Amerika zilianza kusafiri kwa merikebu, na Wareno walikuwa kwenye pwani zetu za Afrika Mashariki tangu 1498. Lakini Mzungu wa kwanza kuingia Rwanda, Oscar Baumann, alifika mwaka 1892, na wakati huo maharage na viazi vitamu vilikuwa mashambani zamani. Basi aliyezileta mbegu hizo hadi milimani kwetu hakuwa Mzungu. Walikuwa wakulima, jirani akimpa jirani.

Tena iko safari ya upande wa pili, na hii ndiyo iliyonifurahisha zaidi. Kibuyu, ndugu wa boga, ni cha Afrika. Vibuyu vyetu vilielea juu ya bahari ya Atlantiki hadi Amerika, na watu wa huko wakavitumia maelfu ya miaka kabla ya Columbus. Kibuyu hicho hicho ndicho igisabo, chombo ambacho bibi zetu walisukia maziwa kupata siagi.

Nilimpelekea bibi habari hiyo ya pili. Safari hii aliinua kichwa. “Kumbe nasi tuliwapelekea kitu,” akasema, kisha akauliza kama na wao walisukia maziwa. Nikamwambia hawakuwa na ng’ombe. Aliwahurumia kweli.

Jumamosi nilimnunulia kurujeti sokoni. Hiyo pia ni boga la jamii ya Amerika, ila aina hii ilizalishwa Italia, na huliwa changa kabla ganda na mbegu kuwa ngumu. Bibi aliipika kama alivyozoea, juu ya maharage. Tulipofunua chungu, kurujeti ilikuwa imeyeyuka, imekuwa mchuzi.

“Hii haina mifupa,” alisema. Akanieleza kwamba boga la kweli hukomaa, likakaa ndani ya nyumba miezi. Yeye alizaliwa wakati wa Ruzagayura, njaa ya 1943 na 1944, ukame ulipokutana na ugonjwa wa viazi mviringo, na mama yake alimsimulia kwamba maboga machache yaliyowekwa chini ya kitanda ndiyo waliyogawana kipande kwa kipande.

Siku iliyofuata alinituma ninunue kurujeti nyingine mbili. Tulizikaanga kwa kitunguu na nyanya, dakika chache tu, bila maji. Akala akamaliza, akaniuliza kama ndani yake mna mbegu za kupanda. Nikamwambia zimechumwa mapema mno, hazitaota.