Mukulima mbele ya kamera: kutoka Bwana Kitoko mpaka Makala

Wandugu, wakati nilikuwa naandika kazi yangu ya mwisho ya lisanse, nilienda kwa wachoma makala na karatasi ya maulizo. Mifuko ngapi kwa mwezi? Miti gani munakata? Nilijaza hesabu zangu zote. Hakuna hata mumoja niliyemuuliza: zile franka unataka kufanya nazo nini?

Filamu njo ilinifunza lile ulizo. Lakini tuanzie mbali.

Mwaka 1955 mfalme Baudouin wa Ubelgiji alitembelea Kongo. Mubelgiji André Cauvin alitengeneza filamu ya ile safari, Bwana Kitoko. Watu wetu wako ndani, tena wengi sana: wanacheza, wanashangilia. Lakini wako kundi tu. Mwenye habari ni mfalme, mwanakijiji ni pambo la safari yake.

Je, mukulima hawezi kubeba filamu nzima? Ufaransa walikuwa wameshajibu. Mwaka 1946 Georges Rouquier alitoa Farrebique, filamu ya shamba moja la Aveyron, majira kwa majira. Wanaoonekana ni jamaa yake mwenyewe na majirani. Babu anakufa ndani ya filamu, kumbe mwenyewe bado alikuwa muzima! Kwa hiyo hata pale mutu anaonekana kama yeye mwenyewe, mwenye kamera ana mipango yake. Tusisahau hilo.

Kwetu tulingojea sana. Mwaka 2017 Mufaransa Emmanuel Gras alitoa Makala, na ile filamu ilishinda tuzo kubwa ya Wiki ya Wahakiki kule Cannes. Ndani yake kuko kijana mumoja wa kijiji, upande wa Kolwezi. Anaangusha muti munene kwa shoka, anafunika kuni na udongo, anachoma, anapakia mifuko kwenye kinga. Kisha anaisukuma mpaka muji. Malori yanamupita na vumbi, njiani wanamudai franka, na akifika kuuza wanamushushia bei. Juu ya nini anateseka vile? Anataka nyumba ya manjanja kwa bibi yake na watoto.

Sisi wa agronomia tumezoea kumuita adui wa pori. Ni kweli muti unaanguka, na filamu haifichi: ile sauti ya shoka inachukua muda murefu. Lakini ukiisha kumuona akisukuma mulima mufuko kwa mufuko, huwezi tena kumuambia "acha kukata" bila kumuonyesha njia ingine ya kupata manjanja.

Kutoka 1955 mpaka 2017 tumetoka kwa kundi, tumefika kwa mutu. Ila kamera ingali mikononi mwa mugeni. Na sisi tuliosoma, tunaofika kijijini na karatasi, tuulize kwanza lile ulizo ambalo mimi nililisahau.